Mishiri ya karai: Mboga ya dakika 10

Na MWANDISHI WETU

WAKAZI wa Thika huiona mishiri kila uchao, lakini si wote wanaoila. Huiona ikichumwa shambani, huiona ikipangwa kwenye kreti chini ya kivuli, kisha huiona ikiondoka kwa gari kuelekea uwanja wa ndege wa Jomo Kenyatta, ambako hupakiwa na kufika Ulaya ingali na ubichi wake. Ile iliyopinda kidogo au kunenepa kupita kipimo ndiyo hubaki nyuma. Utaikuta katika soko la Madaraka mjini Thika, na ukishuka hadi Ruiru na Githurai utaikuta tena ikiuzwa kwa mafungu, kando ya sukuma wiki na nyanya.

Kwa maoni yangu, masaibu ya mboga hii huanza baada ya kununuliwa. Mama huifikisha nyumbani, akaikatakata vipande vidogo pamoja na viazi na karoti, akaitia maji na kuifunika kwa nusu saa nzima. Inapopakuliwa huwa imegeuka rangi ya kaki na kulegea kama kamba iliyolala majini, nao watoto huisukuma pembeni mwa sahani. Halafu tunasema kwamba mishiri ni chakula cha Wazungu.

Si kweli hata kidogo. Mishiri ni ndugu wa damu wa maharagwe tunayotia katika githeri. Ni mmea wa aina moja, ila huu huchumwa ukiwa mchanga, kabla punje hazijakomaa ndani ya ganda. Asili yake ni Amerika ya Kati na ya Kusini. Waingereza ndio walioupachika jina la Ufaransa, nasi tukaiga kwa kuuita maharagwe ya Kifaransa, kana kwamba kuna Mfaransa aliyewahi kuja Gatanyaga kutushikia jembe.

Wakulima wa pande hizi wanaijua vizuri kazi yake. Aina kama Amy na Samantha huanza kuchumwa siku 45 hadi 50 baada ya kupandwa, na uchumaji huendelea kwa wiki kadhaa. Maji ya Mto Thika yenyewe yamelisha sehemu kubwa ya zao hili, kwa kuwa mfereji wa Yatta, uliochimbwa na watu waliozuiliwa wakati wa vita vya Mau Mau katika miaka ya 1950, huyachota maji hayo na kuyapeleka hadi upande wa Matuu, kwenye nchi kavu ambako mishiri hustawi kwa kunyunyiziwa.

Tatizo ni kipimo. Wanunuzi wa ng'ambo hutaka ile myembamba kabisa isiyozidi milimita 6 kwa upana, na inayofuata isizidi 9. Mvua ikinyesha na mkulima akichelewa kuchuma kwa siku mbili tatu, zao lake limekwisha kushuka daraja. Mdomoni haina kasoro yoyote. Imekosea rula tu.

Isitoshe, hata ile iliyonyooka na kupendeza hutegemea ndege. Mnamo Aprili 2010 mlima wa volkano huko Aisilandi ulirusha majivu angani, ndege za Ulaya zikazuiwa kuruka kwa siku kadhaa, na shehena za mboga na maua kutoka Kenya zikakwama. Kuna mboga zilizoishia kulishwa mifugo. Mwaka wa 2020, ugonjwa wa Covid-19 ulipopunguza safari za ndege, wakulima waliishika tena mioyo yao mikononi. Mlaji wao yuko karibu kilomita 7,000 kutoka shambani, ilhali kwenye barabara hii hii kuna maelfu ya jikoni ambazo jioni huuliza swali moja: leo tutakula ugali na nini?

Basi na tuijibu. Leo tutaipika mishiri kwa mtindo wa Asia, mtindo wa moto mkali na muda mfupi.

Jikoni kwa mtu aliyechelewa

Ruiru ulikuwa mji wa kahawa, hata ipo aina ya kahawa iitwayo Ruiru 11 ambayo ilitolewa kwa wakulima mwaka wa 1985. Siku hizi mengi ya mashamba hayo yamegeuka ploti na majumba ya kupangisha, na wapangaji wengi hufanya kazi Nairobi. Barabara kuu ya Thika, iliyojengwa na kampuni tatu za Kichina na kufunguliwa rasmi mwaka wa 2012, ilifupisha safari, lakini haikuifuta foleni ya jioni. Mama anayefika mlangoni saa mbili usiku, watoto wakimtazama kwa macho ya njaa na daftari za kazi za shule zikimsubiri, hana saa nzima ya kuchemsha. (Wala baba hana, kwani wapo wanaume wanaoshika mwiko siku hizi bila kuona haya, na tunawaomba waendelee.)

Waasia walilitatua jambo hili zamani. Katika jimbo la Sichuan nchini China, maharagwe mabichi hukaangwa mpaka ganda likajikunja, kisha huchanganywa na pilipili kavu, kitunguu saumu na nyama kidogo ya kusaga. Wahindi wenye asili ya Gujarat, ambao wamefanya biashara mjini Thika kwa vizazi, huiita mboga hii fansi, nao huikaanga kwa viungo vya mbegu. Namna hizi mbili zinatofautiana sana kwa ladha, lakini chombo ni kimoja: sufuria pana ya chuma, yenye tumbo la mviringo.

Usikimbilie dukani kuitafuta. Unayo tayari. Ni lile karai lako la kukaangia mandazi, na hata jina lake tumelipata kutoka kwa Wahindi. Umbo lake lina maana. Joto hukusanyika chini katikati, na mboga iliyokwisha kupata moto husogezwa pembeni ili nyingine ipate zamu yake. Karai la chuma ndilo bora zaidi kwa sababu hutunza joto, lakini hata la alumini litafanya kazi. Kile kikaango kisichogandisha chakula kiache kwa mayai, maana moto wa mapishi haya utakiharibu.

Mwenye gesi afungue moto wote. Mwenye jiko la makaa asubiri makaa yawe mekundu kabisa kabla ya kuweka karai, na jiko hilo liwe mahali penye hewa. Kupika kwa makaa ndani ya chumba kilichofungwa madirisha kumewaua watu wengi humu nchini.

Imeiva au ni mbichi?

Sasa tufike penye ugomvi. Mpikie mama mkwe mboga inayolia mdomoni, naye atakuuliza, kwa upole wa kuogofya, kama gesi ilikwisha. Katika nyumba nyingi za kwetu, mboga iliyoiva ni iliyolainika, na mke anayepakua kitu kigumu huonekana ana haraka ya kwenda kulala. Nimeketi mezani ambapo swali hili lilileta kimya kirefu kuliko habari ya kifo.

Usimcheke mama mkwe. Nusu ya neno lake ni haki.

Maharagwe ya jamii hii yana sumu ya asili iitwayo lektini. Iko kwa wingi zaidi katika punje zilizokauka, na kwa uchache katika maganda machanga, lakini ipo. Moto wa kutosha huiharibu. Mtu akiila bila kuivishwa anaweza kushikwa na kichefuchefu, kutapika na kuhara saa chache baadaye. Huko China kwenyewe, ambako mboga hii ni kipenzi cha wengi, mara kwa mara huripotiwa visa vya wanafunzi au wafanyakazi kuugua baada ya kula maharagwe mabichi yasiyoiva katika mabwalo ya chakula. Aghalabu sababu huwa ni karai kubwa lililojazwa kupita kiasi, hivyo mboga ya juu haikupata moto sawa na ya chini.

Kwa hiyo usiile mishiri mibichi kama karoti, na usiitie katika kachumbari kabla ya kuichemsha. Lakini kuiva ni jambo moja na kulegea ni jingine. Mshiri ulioiva hupoteza ule mng'ao mkali wa majani na kuwa kijani kilichokolea. Harufu ya nyasi hutoweka. Ukiuuma hukatika kwa urahisi, haukwaruzi meno kama mpira, na ndani hauna ladha ya ubichi. Hapo umeiva, na anayetaka usimame jikoni dakika nyingine 20 anataka vitamini zimwagike kwenye maji. Vitamini C na foleti, ambazo mishiri inazo, hupotea haraka mboga ikichemshwa kwa muda mrefu. Magadi nayo yasiguse sufuria hii. Yanalainisha na kuhifadhi rangi, ni kweli, lakini yanaziharibu vitamini na kuifanya mboga iteleze ulimini.

Kuchagua na kuosha

Sokoni, chukua mshiri mmoja uukunje. Ukivunjika kwa mlio, nunua. Ukijikunja kama kamba ya kiatu, pita meza hiyo. Kupinda si hoja, wala unene kidogo si hoja. Kinachofaa kukataliwa ni madoa ya kutu, ncha zilizooza, na maganda yaliyovimba mpaka umbo la punje linaonekana kwa nje, maana hayo yamezeeka na yana nyuzi. Ukiwa na jokofu, iweke humo bila kuiosha, ndani ya mfuko usiofungwa kabisa, nayo itakaa siku nne au tano.

Liko pia suala la dawa. Mishiri hupendwa na wadudu, na mkulima hulazimika kunyunyizia. Mwaka wa 2013 Umoja wa Ulaya uliongeza ukaguzi wa mishiri kutoka Kenya baada ya kukuta mabaki ya dawa kupita kiwango kinachoruhusiwa. Kila dawa ina idadi ya siku za kusubiri kabla ya kuchuma, na siku hizo huandikwa kwenye kibandiko chake. Hapa nyumbani mkaguzi ni wewe. Muulize muuzaji mboga yake imetoka wapi, ukiweza nunua kwa mtu unayemjua, na ioshe kwa maji yanayotiririka huku ukiisugua kwa viganja. Kuosha hupunguza dawa iliyo juu ya ganda, ingawa hakuondoi ile iliyonyonywa na mmea. Sabuni usitie. Na maji utakayochemshia yamwage, usiyafanye mchuzi.

Namna ya kupika

Kwa watu wanne, chukua nusu kilo ya mishiri. Kata ncha zote mbili, kisha kila mshiri uukate mara mbili tu, uwe na urefu wa kidole. Tayarisha punje nne za kitunguu saumu zilizokatwa vipande vyembamba, kipande cha tangawizi kama kidole gumba kilichoparwa, na pilipili moja ikiwa nyumba yako inaivumilia. Kwenye kikombe changanya vijiko viwili vya mezani vya sosi ya soya, nusu kijiko cha chai cha sukari, kijiko cha chai cha siki au maji ya limau, na vijiko viwili vya maji. Weka kila kitu karibu na mkono kabla ya kuwasha moto. Mapishi haya hayakupi nafasi ya kwenda kutafuta kisu.

Chemsha maji mengi katika sufuria. Yakitokota, tia mishiri, na yakirudi kutokota ndipo uanze kuhesabu dakika tano bila kufunika. Ikiwa ni ile minene iliyokataliwa na rula, hesabu nane hadi kumi, na kichwa cha makala haya kitanisamehe. Imwage kwenye chujio, uitikise vizuri, kisha uitandaze juu ya kitambaa safi ikauke. Hatua hii ndiyo watu wengi huiruka, nayo ndiyo inayotofautisha kukaanga na kutokosa. Mboga yenye maji ikiingia katika mafuta moto hutoa mvuke, karai hupoa, na unajikuta umerudi kwenye ile mboga ya rangi ya kaki. Isitoshe, mafuta yatakurukia mkononi.

Pasha karai likiwa tupu mpaka tone la maji likianguka humo litoweke mara moja. Tia vijiko viwili vya mafuta ya kupikia, yazungushe, kisha tia mishiri yote. Utasikia kelele, na kelele hiyo isinyamaze. Ikinyamaza ujue moto ni mdogo au umejaza karai kupita kiasi, basi toa nusu uipike kwa mafungu mawili. Iache itulie kwa nusu dakika ipate alama za moto, uigeuze, uiache tena. Baada ya dakika tatu ganda litaanza kujikunja na kuwa na madoa ya kahawia. Usiogope madoa hayo, humo ndimo ladha ilimo.

Sasa ndipo uisogeze mishiri pembeni, utie kitunguu saumu, tangawizi na pilipili pale katikati. Wengi wetu tumezoea kuanza na vitunguu, lakini hapa saumu ikitangulia itaungua na kuleta uchungu. Koroga kwa nusu dakika mpaka harufu ipande, changanya vyote, kisha mwaga kile kikombe cha sosi. Geuza kwa dakika nyingine moja hadi sosi iishike mboga na karai libaki karibu kavu. Epua papo hapo na upakue. Ikibaki ndani ya karai lenye joto itaendelea kujipika yenyewe.

Chumvi usiongeze kabla ya kuonja, kwa kuwa sosi ya soya ina chumvi nyingi, na mwenye tatizo la shinikizo la damu aipunguze iwe kijiko kimoja. Ikiwa sosi hiyo haipo nyumbani, chumvi kidogo, limau na njugu karanga zilizotwangwa zitafaa sana. Ufuta uliokaangwa ukinyunyiziwa juu unafanana zaidi na ladha ya Uchina. Kuhusu mafuta, ya alizeti au yoyote mepesi yanatosha. Thika yenyewe ina kiwanda cha mafuta ya kupikia cha Bidco, kwa hiyo uhaba huo hatuna.

Ukitaka iwe kitoweo badala ya mboga ya pembeni, kaanga kwanza robo kilo ya nyama ya kusaga mpaka ikauke na kuwa na rangi, iweke kando, uirudishe pamoja na sosi. Hii ndiyo inayokaribia ile ya Sichuan, na ndiyo niliyoona ikimfanya mtoto wa miaka sita aombe mishiri kwa jina.

Mtindo wa Kigujarati ni wa pole zaidi. Pasha mafuta, tia nusu kijiko cha chai cha mbegu za haradali na ungoje zipasuke, kisha jira kidogo, kitunguu saumu na manjano. Mishiri huwa imekatwa vipande vidogo sana, haichemshwi kwanza, bali huingia na chumvi na maji kidogo tu, ikafunikwa kwa moto mdogo dakika 15 hivi mpaka ilainike. Huliwa kwa chapati. Kwa mama mkwe asiyebadili msimamo, mpikie hii. Imelainika, haikulegea, wala hatauliza habari ya gesi.

Ile ya moto mkali huenda vizuri na ugali, na zaidi na wali wa pishori kutoka Mwea, ambao hunyonya ile sosi inayobaki sahanini. Kuipakua juu ya githeri ni kuongeza maharagwe juu ya maharagwe, lakini shauri yako.

Ikibaki, iweke kwenye jokofu. Asubuhi ipashe upesi katika karai kavu na uikunje ndani ya chapati ya jana, uitie katika mkebe wa chakula cha mchana. Itafika Nairobi bila kumwagika, hata kwa matatu ya kusimama.